Vyuma Visivyopigwa



Wapendwa Taifa la Mungu, wiki hii Mama Kanisa anatualika kumkumbuka Mtakatifu Sesilia, bikira na shahidi, msimamizi wa waimbaji na wapiga ala wote, ambaye kumbukumbu yake huadhimishwa tarehe 22 Novemba. Kwa desturi ya parokia zetu, hii ni wiki ya kwaya. Wanakwaya hutoa shukrani zao, hushona sare mpya wale wenye uwezo, na Paroko hutegemewa aseme maneno machache ya kuwasifu. Nasi tungependa kufanya hivyo, kwa kuwa wanakwaya wetu wanastahili sifa. Hata hivyo, juma lililopita limetokea jambo dogo ambalo limetufanya tuone kwamba kabla ya kuwasifu wengine tunadaiwa kwanza kuungama kosa letu wenyewe.

Vijana wanne wa kwaya walitujia ofisini baada ya Misa ya asubuhi. Walikaa kwa adabu, wakatazamana, kila mmoja akimngoja mwenzake aanze. Hatimaye mmoja akasema, “Baba Paroko, tunaomba ruhusa. Sherehe ya Kristo Mfalme tunataka kupiga ilimba wakati wa matoleo. Lakini tumeambiwa wewe huipendi ilimba.”

Hatukuwajibu papo hapo. Tuliwaambia wangoje hadi Dominika. Walipotoka tulibaki tumekaa kitambo kirefu, kwa maana maneno yale yalikuwa ya kweli, au tuseme yalikuwa ya kweli zamani, nao waliowaambia vijana hao hawakuwa wamesema uongo. Tafakari ya leo ndiyo jibu letu kwao, na kwenu nyote.

Wengi wenu mnafahamu kwamba tulipopewa utume hapa Mpwapwa tulikuwa wageni wa nchi hii ya Wagogo. Tulikuja na masanduku ya vitabu na ari nyingi, na moyoni tulikuwa tumeazimia kurekebisha liturujia. Tulikuwa tumefundishwa muziki seminarini, tunasoma nota, tunajua kuongoza sauti nne, na sikio letu lilikuwa limezoea kinanda tangu ujana. Kwaresima ya mwaka wetu wa kwanza tulikwenda kuadhimisha Misa katika kigango kimoja kilichoko kando ya njia iendayo Gulwe. Baada ya Misa, katekista alituletea mzee mmoja mwembamba, amevaa koti lililochakaa lakini safi, na kwapani amebeba kitu kilichofunikwa kwa kitenge.

“Mbukwenyi, Baba,” alitusalimu, akainama kidogo. Kisha akafunua kitenge. Ilikuwa ilimba, sanduku la mti lililong'arishwa na mikono ya miaka mingi, na juu yake vyuma vingi vimepangwa, virefu na vifupi. Mzee aliomba jambo moja tu, apewe nafasi siku ya Ijumaa Kuu, wakati waamini wanapouabudu Msalaba, awaongoze watu kwa wimbo wa maombolezo wa Kigogo alioutunga mwenyewe juu ya Mateso ya Bwana.

Tulimkatalia. Tulimwambia kwamba Kwaresima ni wakati wa ukimya, na kwamba sheria ya liturujia inabana matumizi ya ala. Tuliongeza kuwa ala ile watu huijua kwenye ngoma na pombe, basi italeta mawazo mengine. Naye mwalimu wa kwaya, aliyekuwa amesimama karibu, alisaidia kwa kusema kwamba vyuma vile “vimepotoka”, havilingani na kinanda, na kwaya ikiimba navyo itaharibika. Tulitikisa kichwa kukubaliana naye.

Mzee hakubisha. Alisema, “Sawa, Baba. Wewe ndiye mchungaji.” Akaifunika ilimba yake kwa kitenge, akaikumbatia kama mtu abebavyo mtoto aliyelala, akaondoka.

Ijumaa Kuu ile, katika kigango kilekile, tuliruhusu kinanda cha betri kisindikize nyimbo. Hapo ndipo lilipo kosa letu, wapendwa. Maelekezo ya Misale ya Kirumi, namba 313, yasema kwamba katika Kwaresima ala zitumike kwa ajili ya kusindikiza uimbaji tu, isipokuwa Dominika ya nne, sherehe na sikukuu. Nayo taratibu za Siku Kuu za Pasaka huruhusu vivyo hivyo ala zitegemeze nyimbo. Mzee hakuomba kupiga ala pekee. Aliomba kusindikiza uimbaji, jambo lilelile tulilokiruhusu kinanda kufanya. Sheria ilikuwa moja, sisi tukaipima kwa vipimo viwili. Tulitumia jina la Kanisa kuficha jambo ambalo kwa kweli lilikuwa aibu yetu, kwa kuwa tuliogopa kuonekana washamba mbele ya wageni waliotoka mjini kusali nasi.

Mzee aliendelea kuja Misani kila mara tulipofika kigangoni. Alikaa mwishoni, karibu na mlango. Ilimba hatukuiona tena.

Ilipita miaka mitatu. Siku moja katekista alitupigia simu kwamba mzee ni mgonjwa na anaomba Mpako wa Wagonjwa. Tulikwenda. Nyumba yake ilikuwa tembe ya zamani, yenye paa la udongo, ndani giza na ubaridi mzuri. Alikuwa amelala kwenye kitanda cha kamba, amekonda sana, lakini akili zake zilikuwa timamu. Tulimpa sakramenti, akapokea Komunyo Takatifu kwa machozi. Tulipokuwa tukifunga mkoba wetu wa sakramenti tuliiona ilimba ukutani, imetundikwa kwenye mambo.

Hatujui ni nini kilichotusukuma. Tulisema, “Mzee, twaomba utupigie.”

Alitutazama muda mrefu. Mjukuu wake, kijana wa kidato cha pili, aliitungua, akamweka babu kitako na kumwegemeza kifuani pake. Vidole gumba vya mzee vilipiga vyuma vichache, vikachoka. Hakuweza kuendelea. Akampa mjukuu, naye akapiga wimbo mmoja, polepole, tukausikia kwa mara ya kwanza wimbo ule tulioukataa.

Tulisogea karibu kutazama mikono ya kijana. Tuliona ajabu moja. Vyuma vilikuwa vingi mno, na sehemu kubwa yake kijana hakuigusa kabisa. Tulidhani ni kwa sababu bado anajifunza. Tukamuuliza mzee, “Na hivi vingine, mbona havipigwi?”

Mzee alitabasamu. “Hivyo havipigwi, Baba. Hivyo husikiliza. Jirani yake akipigwa, navyo huitikia. Ukiving'oa, ilimba italia, lakini italia peke yake.”

Alifariki siku ya tatu.

Mazishi yalikuwa nyumbani kwake, chini ya mbuyu, na watu walikuwa wengi kuliko tulivyotazamia. Kinanda hakikuwepo, betri ilikuwa imeisha. Mjukuu alikaa juu ya kinu kilichopinduliwa, akapiga ilimba. Akina mama wakaanza ule wimbo, wanaume wakaingia chini, vijana wakaingia juu, kila mmoja mahali pake, bila mtu kugawa sauti wala kuandika nota. Waliimba kwa Kigogo, na ijapokuwa bado hatuijui vema lugha hiyo, tuliyatambua maneno mawili matatu, jina la Yesu likiwemo. Tulilia mbele ya waamini wetu, wala hatukuona haya.

Wakati wa kurudi, mwalimu wa kwaya alikuwa kimya garini. Tulipokaribia mjini alisema, “Baba, ule mlio tuliosema umepotoka, leo watu wote wameuimba. Hata mimi nimeuimba. Nimejishtukia katikati ya wimbo.”

Maneno hayo yalitunyima usingizi. Iwaje mlio “uliopotoka” uwe uleule katika vyuma vya mzee, katika makoo ya akina mama wa kijiji kizima, na hata katika koo la mwalimu wa kwaya asipokuwa na kinanda mbele yake? Tulirudia daftari zetu za seminari na kusoma yale ambayo wataalamu wameandika juu ya muziki wa Wagogo. Turuhusuni tuwaeleze kidogo, maana si jambo gumu, nalo ni zuri.

Uzi wa zeze ukipigwa hautetemi kwa namna moja tu. Hutetema wote mzima, na papo hapo hutetema kwa nusu zake, kwa theluthi zake, kwa robo zake, na kuendelea. Tuseme mtetemo wa uzi mzima ni mara 100 kwa sekunde. Basi ndani ya mlio huohuo, kwa sauti hafifu, imo mitetemo ya 200, 300, 400, 500, na kuendelea juu. Sikio la kawaida husikia mlio mmoja, lakini kwa kweli ni familia nzima, mama na wanawe. Vivyo hivyo sauti ya mwanadamu. Kila mara mmoja wetu anapoimba “Amina” peke yake kanisani, tayari kuna kwaya ndani ya koo lake.

Sasa, mtaalamu wa muziki wa Afrika kutoka Austria, Gerhard Kubik, alieleza kwamba ngazi ya milio ya Wagogo inafuata familia hiyo ya asili, tangu mwana wa nne hadi wa tisa. Yaani katika mfano wetu ni 400, 500, 600, 700, 800 na 900. Hakuna fundi aliyeiunda ngazi hii mezani. Wazee wa nchi hii waliisikia ndani ya sauti yenyewe, wakaifuata.

Kinanda nacho kimefuata njia nyingine. Ili mpigaji aweze kuanzia wimbo mahali popote apendapo, mafundi waligawa nafasi kati ya “do” ya chini na “do” ya juu katika hatua 12 zilizo sawa. Mgawanyo huo una faida kubwa, lakini una gharama yake, kwani milio mingi husogezwa kidogo kutoka mahali pake pa asili. Ukianza na 400, mlio unaopaswa kuwa 500 katika kinanda huwa kama 504. Ule wa 600 hukaribia kabisa. Lakini ule wa 700, mwana wa saba, kinanda hakinao. Kilicho karibu naye ni kama 713, na sikio lolote husikia tofauti hiyo. Huyo mwana wa saba ndiye mlio ambao mwalimu wetu alisema umepotoka.

Basi mnaona, wapendwa. Tulisimama mbele ya mzee tukamwambia kwamba amepotoka, na kipimo chetu kilikuwa ala ambayo yenyewe ilikuwa imesogezwa. Hatusemi kwamba kinanda ni kibaya. Tunakipenda, tena kimelisaidia Kanisa kwa karne nyingi. Tunasema kwamba tulikifanya kipimo cha vyote, na kitu chochote kilichoumbwa kikifanywa kipimo cha vyote huanza kudai ibada isiyo yake.

Seminarini tulifundishwa kwamba Boethius, mwanafalsafa Mkristo wa karne ya 6, aligawa muziki katika aina tatu. Kuna muziki wa ulimwengu, yaani mpangilio wa nyota na majira. Kuna muziki wa mwanadamu, yaani mapatano ya roho na mwili. Na kuna muziki wa ala na sauti tunaousikia kwa masikio. Tuliandika hayo, tukajibu mtihani, tukapata alama nzuri. Hatukuwahi kufikiri kwamba mzee wa njia ya Gulwe, ambaye hakuwahi kulisikia jina la Boethius, alikuwa amebeba aina zote tatu chini ya kitenge.

Tuliwahi pia kusoma masimulizi ya J. R. R. Tolkien, mwandishi Mkatoliki wa Uingereza aliyefariki mwaka 1973. Katika kitabu chake cha The Silmarillion, kilichotolewa mwaka 1977, amebuni ulimwengu unaoanza kwa muziki. Muumba anawapa roho wa kwanza wazo la wimbo, nao wanaliimba pamoja hadi linajaza utupu. Mmoja wao, Melkor, mwenye vipawa kuliko wote, anataka sauti yake isikike juu ya nyingine, naye anaingiza fujo. Muumba haufuti wimbo. Anauinua wimbo mwingine wenye kina, wenye huzuni na uzuri, ambao unaichukua hata fujo ile na kuipa nafasi ndani yake. Ni hadithi ya kubuni, wala haichukui nafasi ya kitabu cha Mwanzo. Lakini Maandiko nayo hayako mbali, kwani katika Kitabu cha Ayubu, sura ya 38, Mungu anamkumbusha Ayubu kwamba misingi ya dunia ilipowekwa nyota za asubuhi ziliimba pamoja. Zamani tulipoisoma hadithi ya Tolkien tulijiweka upande wa waimbaji wema. Baada ya mazishi yale tulijiuliza, siku ile pale kigangoni, ni nani hasa aliyetaka sauti yake isikike juu ya nyingine?

Mtasema, je, Kanisa halikutupa mwongozo? Lilitupa, tena mapema. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati yake juu ya Liturujia ya tarehe 4 Desemba 1963, unaipa sauti ya Kigregori nafasi ya kwanza katika liturujia ya Kirumi, jambo ambalo hatupaswi kulisahau. Lakini katika namba 119 unafundisha kwamba mataifa yenye mapokeo yao ya muziki yanastahili mapokeo hayo kuheshimiwa na kupewa nafasi katika ibada, na namba 120 inaruhusu ala nyingine mbali na kinanda cha filimbi, kwa kibali cha mamlaka husika, mradi zifae au ziweze kufanywa zifae kwa matumizi matakatifu. Angalieni maneno hayo, “ziweze kufanywa zifae”. Ala haizaliwi takatifu. Hata kinanda cha filimbi, kabla ya kuingia makanisani, kilikuwa ala ya michezo ya Warumi.

Wala nchi zetu hazikungoja hadi Mtaguso uishe. Kule Kamina, Kongo, mwaka 1958 iliimbwa Missa Luba chini ya Padri Guido Haazen, Mfransisko kutoka Ubelgiji. Hapa kwetu Tanzania, Padri Stephen Mbunga alikwisha kutunga Misa Baba Yetu mwaka 1959, na mwaka 1963 kilitoka kitabu chake juu ya sheria ya Kanisa na muziki wa Kibantu. Mwaka 1964, Papa Paulo VI alipowatangaza Mashahidi wa Uganda kuwa watakatifu, utungo wa Joseph Kyagambiddwa juu ya mashahidi hao uliimbwa Roma. Nayo ngoma ya muheme, ambayo akina mama wa Kigogo waliipiga katika jando la wasichana, leo husikika katika makanisa ya madhehebu mbalimbali hapa mkoani Dodoma. Marehemu Hukwe Zawose, Mgogo aliyefariki mwaka 2003, aliipeleka ilimba katika majukwaa makubwa ya Ulaya, na wageni wakaisikiliza kwa heshima. Sisi tulikuwa nayo mlangoni pa kanisa, tukaifungia nje.

Hapa lazima tuseme neno la tahadhari, ili mtu asije akatuelewa vibaya. Siku hizi wengi wenu hutumiwa katika simu ujumbe kwamba kuna mitetemo fulani ya muziki inayoponya saratani, kufungua baraka au kusafisha nafsi, kwamba mlio wa 432 ni wa Mungu na ule wa 440 ni wa shetani. Wapendwa, msihangaike na mambo hayo. Hiyo 440 ni makubaliano ya wanamuziki yaliyofikiwa katika karne ya 20 ili ala zao zilingane, kama tulivyokubaliana kupima kitambaa kwa mita. Hakuna shetani ndani yake, wala hakuna uponyaji ndani ya 432. Na mwana wa saba wa ilimba, ambaye tumemsifu hapa, haokoi mtu. Neema si hesabu. Mgonjwa aende hospitali, aombe Mpako, na akitaka muziki wa kumliwaza ausikilize kwa shukrani. Mtakatifu Augustino, katika kitabu cha kumi cha Maungamo yake, anakiri kwamba wakati mwingine utamu wa wimbo ulimgusa kuliko jambo lililoimbwa, na kwamba alipogundua hivyo alijiona ametenda kosa. Hata hivyo anakubali desturi ya kuimba kanisani, akikumbuka machozi aliyoyatoa zamani za kuongoka kwake. Huo ndio msimamo wa kiasi. Muziki ni mtumishi. Akiwa mtumishi mwema, tusimfukuze kwa sababu ya nguo zake.

Kwa hiyo tuliposema kwamba kuna fumbo katika ilimba, hatukumaanisha nguvu ya siri. Tunamaanisha neno la mzee juu ya vyuma visivyopigwa. Tangu siku ile hatuwezi kusali Nasadiki, tukifika mahali pa Ushirika wa Watakatifu, pasipo kuviona vyuma vile. Mtakatifu Paulo anawaandikia Wakorinto kwamba kiungo kimoja kikiumia, viungo vyote huumia nacho, na kimoja kikitukuzwa vyote hufurahi nacho. Mjane anapolia katika jumuiya ndogondogo, kuna chuma mahali fulani kinachopaswa kutetema. Mama mgonjwa asiyeweza tena kuja Misani, anayesali rozari yake kitandani, hapigwi na mtu, hatajwi katika matangazo, lakini yeye ndiye anayefanya Misa yetu isilie peke yake. Na mzee aliyekaa mlangoni kwa miaka mitatu, akisikiliza nyimbo zetu za kinanda bila kinyongo, alikuwa akiitikia. Sisi hatukusikia.

Je, alitusamehe? Hilo hatukumwuliza. Siku ile ya Mpako, yeye ndiye aliyeungama na sisi ndio tuliotoa maondoleo, kama Kanisa lifanyavyo, nasi tulitoka nyumbani mwake bila kumwambia, “Mzee, tulikukosea.” Maneno yalifika hadi kooni. Tulijidanganya kwamba tutarudi wiki ijayo. Tumekwisha kuliungama jambo hilo kwa padri mwenzetu, na Mungu ni mwenye huruma, lakini tunawaambia ninyi ili mwenye mtu wa kumwomba radhi asingoje wiki ijayo.

Jibu letu kwa vijana wanne ni hili. Ilimba ipigwe siku ya Kristo Mfalme, na mjukuu wa mzee aalikwe kuipiga. Wimbo upelekwe kwanza kwa katekista na kamati ya liturujia, maneno yake yapimwe kama yanavyopimwa maneno ya wimbo wowote wa Kiswahili au Kilatini. Kinanda kinyamaze katika wimbo huo, si kwa kuadhibiwa, bali kwa sababu hakina mwana wa saba, na si haki kukilazimisha. Mwalimu wa kwaya amekwisha kukubali, tena amesema yeye atasimama miongoni mwa waimbaji siku hiyo, bila fimbo mkononi.

Nasi tutakuwa pale altareni. Tukisikia vyuma vile vikilia, na vingine visivyoguswa vikiitikia, tutamkumbuka aliyetwambia maana yake. Nanyi tusaidieni kumwombea apewe pumziko la milele, na mwanga wa milele umwangazie.

Tunawatakia nyote maandalizi mema ya Sherehe ya Kristo Mfalme. Mtakatifu Sesilia, utuombee. Mwenyezi Mungu awabariki, Baba, na Mwana, na Roho Mtakatifu. Amina.

Paroko wenu,
Mpwapwa